Mpelelezi wa Berlin angeumbuka Tabora!

Hebu tuulizane kwanza, mpenzi msomaji. Ukiambiwa ujifiche mjini kwenu kwa saa 48 tu, picha yako imebandikwa kila ukuta, na atakayekunasa anaondoka na donge nono, utajificha wapi? Nyie wa Dar najua mnacheka. Mtu anaingia zake Kariakoo saa nne asubuhi, anajichanganya na wachuuzi, kwisha kazi, hata mama yake mzazi hampati. Lakini siye wa Tabora? Pole yetu! Hapa ukipiga chafya Ng'ambo, mtu wa Isevya anakuambia "afya". Saa 48 utazitoa wapi? Mimi naona saa mbili tu zingetosha, unaletwa umeshikwa sikio, na aliyekuleta ni shangazi yako.

Swali hilo sikulitunga mimi. Liliulizwa Berlin mwaka 1913, kwenye sinema bubu inayoitwa Wo ist Coletti?, yaani "Yuko wapi Coletti?" Aliyeiongoza ni bwana mmoja jina lake Max Mack. Nimeitazama kwenye simu ya mshikaji wangu mwenye bando la uhakika, tumekaa barazani, na kusema kweli nilianza kwa kuidharau. Picha nyeusi na nyeupe, watu wanatembea harakaharaka kama wamebanwa na haja, halafu hakuna anayesema neno. Baada ya dakika kumi nilikuwa nimemnyang'anya mwenyewe simu yake.

Mambo yenyewe yako hivi. Jean Coletti ni mpelelezi mwenye jina kubwa. Gazeti linawaponda wapelelezi kwamba wamezembea, mhalifu amezurura mjini siku mbili nzima ndipo akakamatwa. Coletti anapandwa na hasira. Anajibu kwamba kumpata mtu mmoja katika mji kama Berlin siyo lelemama, na ili kuwathibitishia atajificha yeye mwenyewe saa 48. Atakayemnasa atapata maki 100,000. Mabango yanabandikwa, magazeti yanapiga kelele, na mji mzima unaacha kazi kumsaka mtu mmoja. Kila mwenye ndevu za kufanana naye ana kesi ya kujibu!

Sasa Coletti anafanyaje? Anamchukua kinyozi, anamvalisha na kumtengeneza hadi anafanana naye kama shilingi na pacha wake, anamwachia mtaani. Umati unamwona kinyozi, haooo! Kinyozi anarukia basi, watu nyuma. Coletti mwenyewe huyo anapeta, kajigeuza mtu mwingine kabisa, na mpenzi wake Lolotte anamsaidia kuwapiga chenga. Mpaka lile puto kubwa la kuruka angani limo. Mwisho wake sikuambii, ukatafute mwenyewe.

Kwa wakati ule wapelelezi walikuwa ndio habari ya mjini kwenye sinema za Ujerumani. Mwaka huohuo wa 1913 alitokea mwanadada mpelelezi, Miss Nobody, aliyeigizwa na Senta Eichstaedt, anaizunguka dunia kuifukuzia noti moja ya pauni mia. Noti moja! Mwaka 1914 akaja Stuart Webbs, akiigizwa na Ernst Reicher na kuongozwa na Joe May, na filamu ya kwanza ya mfululizo wake ilihusu jumba la siri. Mwaka huo pia wakamtengeneza Sherlock Holmes wao katika ile hadithi ya mbwa wa Baskerville, lakini wakaichakachua ikawa kichekesho: mhalifu anajivika Sherlock Holmes, halafu Holmes naye anajivika mhalifu, na mtazamaji anabaki anajikuna kichwa.

Angalia na majina yao. Stuart Webbs! Joe Deebs! Hayo ni majina ya Kijerumani kweli? Vita Kuu ilipoanza Agosti 1914, Mjerumani alikuwa mtaroni anarushiana risasi na Mwingereza, na nyumbani kwake Berlin analipa kiingilio akamshangilie shujaa mwenye jina la Kiingereza. Tusiwacheke sana, maana na sisi tunao wasanii wa Mbagala wanaojiita majina ya kule Marekani.

Kitu kimoja kilinikaa kichwani. Sinema bubu na mpelelezi wa kujibadilisha vilikuwa kama pipa na mfuniko wake. Kwa nini? Kwa sababu hakuna sauti! Mtu akibandika masharubu na kubadili kofia, amekwisha kuwa mwingine, hakuna wa kusema "aa, mbona sauti hii ni ya jirani yangu". Mlete Coletti Tabora na masharubu yake ya kubandika. Atapita Soko Kuu, bibi mmoja muuza karanga atamwambia "mwangaluka". Hapo ndipo kazi ilipo! Akijibu, lafudhi inamuumbua. Asipojibu, ndiyo kabisa, maana ni nani asiyejibu salamu ya bibi kama si mtu mwenye jambo la kuficha?

Tena hata huko kwao haikuwa kimya kama tunavyodhani. Piano ilipigwa ukumbini, na miaka ya mwanzo kumbi nyingine zilikuwa na mtu wa kusimama kando ya kitambaa akiwaeleza watazamaji kinachoendelea, na utani wake juu. Yaani akina Lufufu walikuwepo Berlin kabla ya vibanda umiza vyetu!

MCHEZO ULE HUKU KWETU

Niweke na hili, hata kama ni safu ya burudani. Reli ya Mjerumani iliingia Tabora mwaka 1912, mwaka mmoja kabla ya Coletti. Kwa hiyo waliokuwa wanacheka ukumbini Berlin ndio haohao waliokuwa wanatutawala. Na mchezo wa mtu kutafutwa kwa zawadi walikuwa wameshaucheza huku, bila piano.

Mtwa Mkwawa wa Wahehe, baada ya ngome yake ya Kalenga kuanguka mwaka 1894, alijificha porini karibu miaka minne. Siyo saa 48, miaka minne! Serikali ya Mjerumani ikatangaza rupia 5,000 kwa atakayeleta kichwa chake. Tarehe 19 Julai 1898, akiwa amezingirwa, akajipiga risasi mwenyewe, na kichwa chake kikachukuliwa kweli. Fuvu lilirudishwa mwaka 1954, kutoka jumba la makumbusho la Bremen. Mmoja wa maofisa waliomfukuzia alikuwa Tom von Prince, na huyo sisi wa Tabora tunamjua kwa kazi nyingine: ndiye aliyeivunja ngome ya mtemi Isike wa Unyanyembe mwezi Januari 1893. Isike alipoona wameingia ndani, aliilipua baruti yake akiwa ndani kuliko kukamatwa.

Basi nikimwona Coletti anavyokimbia huku watu wakicheka, nacheka, lakini nusu mdomo.

"HUYO KINYOZI ALILIPWA?"

Kuna mzee mmoja karibu na stesheni, mstaafu wa reli, ambaye kwangu ni kama maktaba. Ana kabati la vitabu vilivyopoteza majalada, na ukitaka kuazima lazima kwanza umsikilize habari za gari moshi la mvuke. Nilimwendea jioni na simu ya mshikaji.

"Shikamoo babu."

"Marahaba mjukuu wangu. Umekuja kuazima au kurudisha?"

Nikamwambia nimekuja kumwonesha mpelelezi wa Kijerumani. Akavaa miwani, akatazama kinyozi anavyofukuzwa, akacheka mpaka akakohoa. Halafu akanyamaza, akaniuliza swali ambalo sikulitegemea.

"Huyo kinyozi alilipwa?"

"Babu, ni sinema tu."

"Najua ni sinema. Nauliza, katika hiyo hadithi, maki laki moja ni za mkamataji, sifa ni za Coletti. Kinyozi anayepigwa mawe badala yake anapata nini?"

Nilikosa jibu. Babu akafungua kabati, akanitolea Mzimu wa Watu wa Kale. "Soma huyu," akasema, "uone mpelelezi asiyemkimbiza mtu."

Wengi wenu mnamjua Bwana Msa kwa kusikia tu, mlimpitia shuleni ili kujibu mtihani. Mtunzi wake ni Muhammed Said Abdulla, aliyezaliwa Makunduchi, Unguja, mwaka 1918 na kufariki mwaka 1991. Kabla ya vitabu alikuwa mkaguzi wa afya, kisha mhariri wa magazeti. Hebu fikiri: mtu aliyekuwa anazunguka kukagua vyoo na visima vya watu, huyo si ameshaona siri zote za mji? Hadithi hiyo ilishinda shindano la uandishi la Afrika Mashariki la mwaka 1957 na 1958, ikatoka kitabu mwaka 1960. Halafu zikafuata Kisima cha Giningi, Duniani Kuna Watu, Siri ya Sifuri na nyingine, mpaka Kosa la Bwana Msa mwaka 1984.

Bwana Msa na kiko chake mdomoni, na swahiba wake Najum pembeni, ni watoto wa Sherlock Holmes, hilo halina ubishi. Lakini amezungumza Kiswahili cha baraza. Hajibandiki masharubu. Anakaa, anavuta kiko, anawaacha watu waongee, na kwa kuwa Waswahili kunyamaza hatuwezi, mhalifu anajifunga mwenyewe. Kichekesho chake kiko kwenye maneno. Hicho sinema bubu isingekiweza hata kidogo!

"Lakini babu," nikamchokoza, "mpelelezi gani hana bastola? Mie nampenda Willy Gamba."

"Gamba ni jasusi, siyo mpelelezi," akanikata. "Elvis Musiba alimpa bunduki, karate na warembo. Vizuri, hata mimi Kufa na Kupona nilikisoma usiku mmoja, mwaka uleule wa sabini na nne kilipotoka. Ila jasusi anajua adui ni nani toka ukurasa wa kwanza. Mpelelezi hajui. Ndio maana anauliza."

Sikubaliani naye sana, Gamba naye anauliza, ila anauliza kwa ngumi. Nikaondoka na kitabu, na lile swali la kinyozi likanifuata mpaka nyumbani.

MTU ALIYEPOTEA AKIWA NA ANWANI

Kama ni sinema ya kuchekesha ya kipelelezi, Tabora tunayo yetu, tena ya kweli, na imepita kwenye barabara ileile ya misafara, Bagamoyo mpaka Ujiji, ambayo wapagazi wa Kinyamwezi waliisugua kwa nyayo na mizigo mabegani kabla reli haijaja. Mhusika wa kwanza ni Stanley.

Tumefundishwa kwamba Livingstone alipotea na Stanley akampata. Haya, tufanye upelelezi. Mwandishi Henry Morton Stanley alitumwa na gazeti, New York Herald la Marekani. Gazeti, zawadi ya umaarufu, mtu wa kutafutwa: mambo ya Coletti haya! Akatoka Bagamoyo Machi 1871, akaingia Tabora Juni, akafikia Kwihara, pale ambapo mpaka leo kuna tembe la makumbusho. Akakaa miezi mitatu. Akajiingiza kwenye vita vya Waarabu wa Tabora dhidi ya mtemi Mirambo, wakachapwa, wakarudi mbio, na mpelelezi wetu akajifungia Kwihara na bunduki zake akingojea kuvamiwa.

Sasa sikia ushahidi. Hapohapo Unyanyembe palikuwa na mzigo wa Livingstone uliotumwa kutoka Unguja, na ndani yake mfuko wa barua. Kwenye mfuko imeandikwa jina la Dokta Livingstone, mahali: Ujiji, na tarehe ya Novemba mosi 1870. Yaani barua za "aliyepotea" zimekaa Tabora na anwani yake juu! Msafara huo wa mizigo ulikuwa umezubaa Bagamoyo siku zipatazo mia, halafu ukazubaa tena Tabora. Stanley akauchukua mfuko, akazunguka kwa kusini kukwepa vita, na njiani akawa anawauliza wapagazi wanaotoka ziwani. Wakamwambia yupo mzungu mzee, ndevu nyeupe, yuko Ujiji. Akafika Novemba 10, 1871, kwa hesabu zake. Nani akamwona kwanza na kukimbia kumwita mzee? Susi, mtumishi wa Livingstone.

Yaani kila mwenye mzigo kichwani kwenye barabara ile alijua mzee yuko wapi. Aliyekuwa hajui ni msomaji wa gazeti huko New York. Na Livingstone mwenyewe ndiyo kwanza anashangaa, kumbe nimepotea? Ukiitengeneza sinema hiyo, mpelelezi anavaa kofia kubwa, anaangalia dira, anapima nyota, na nyuma yake mpagazi anamwonesha kidole: "Bwana, kule." Kila baada ya dakika tano: "Bwana, kule."

SUSI NA CHUMA WAWAPIGA CHENGA

Lakini hiyo ni sehemu ya kwanza tu, tena dhaifu. Sehemu ya pili ndiyo iliyonifanya niandike makala haya, na sielewi kwa nini hatukuisoma darasani kwa kirefu.

Livingstone alifariki Mei 1873 kwenye kijiji cha Chitambo, katika nchi ambayo sasa ni Zambia. Watu wake wakakata shauri kumpeleka pwani ili arudishwe kwao. Hakuna aliyewatuma. Waliongozwa na Abdullah Susi na James Chuma, na pamoja nao alikuwa Jacob Wainwright aliyejua kusoma na kuandika. Moyo wakauzika chini ya mti, mwili wakautia chumvi na kuukausha juani wiki mbili, wakauviringisha, wakaanza safari ya zaidi ya kilometa 1,500.

Oktoba wakaingia Tabora. Hapo wakamkuta afisa wa Kiingereza, Cameron, naye katumwa kumtafuta Livingstone. Mpelelezi mwingine aliyechelewa! Cameron akawashauri wamzike hapahapa, njia ya mbele ni ya hatari. Wakakataa kwa heshima. Fikiri ujasiri huo: watumishi wanamkatalia bwana mkubwa wa Kizungu mwaka 1873.

Hatari ikaja kweli. Mbele ya Tabora, mahali paitwapo Kasekera, wenyeji wakagoma: maiti haipiti kwetu. Kwa desturi za wakati ule hilo halikuwa jambo la kubembeleza. Ungefanyaje wewe? Coletti angebandika masharubu. Susi na wenzake walikaa kikao, na walichokuja nacho sijaona mwandishi wa sinema Berlin aliyekifikia.

Wakatangaza: basi jamani, tumewasikia, tunamrudisha Unyanyembe akazikwe. Wakakata mabua ya mtama yenye urefu wa mtu, wakayafunga pamoja, wakayavisha nguo na kuyazungushia vitambaa mpaka yakawa maiti kamili. Wakachomeka na karatasi kwenye ufa wa fimbo, kama ilivyokuwa desturi ya kupeleka barua, ionekane kuna ujumbe rasmi. Watu sita wa kuaminika wakabeba "marehemu" kwa huzuni zote, wakashika njia ya kurudi Tabora huku kijiji kinatazama. Walipofika mbali, wakaanza kuyatupa mabua porini, moja huku moja kule, wakatawanyika na kurudi kwa wenzao kila mtu kwa njia yake.

Na mwili je? Ulikuwa umeshafungwa upya kama robota la nguo la biashara, unabebwa begani kama robota lolote. Wanakijiji wakaupisha. Watu wanaogopa maiti, nani anaogopa kaniki?

Nilipoisoma hiyo nilisimama peke yangu chumbani nikapiga makofi. Kila kitu kimo. Kuna kujibadilisha, ila anayejibadilisha ni maiti! Kuna pacha wa bandia kama yule kinyozi, ila huyu ni wa mabua. Na kuna mkosi unaosubiri kila hatua, maana bua moja likichungulia kwenye kitambaa, watu sita wanauawa. Inachekesha na inatisha kwa wakati mmoja.

Februari 1874 wakafika Bagamoyo. Wakaukabidhi mwili kwa Waingereza, wakalipwa mishahara yao, wengi wakatawanyika kimya kimya. Meli ikaondoka. Aprili 18 Livingstone akazikwa London, kanisa la Westminster, na kati ya wale waliombeba kutoka Chitambo aliyekuwepo siku hiyo ni Wainwright. Susi na Chuma walipelekwa Uingereza baadaye mwaka huo, wakasaidia kueleza habari ya safari ile, ndiyo sababu leo tunayajua mambo ya mabua. Walizika wengine, wao wakaulizwa maswali.

KUTOKA DAR MPAKA KITAMBAA CHA BERLIN

Mpaka hapo lile swali la babu nilikuwa bado nalo. Nikasema, ngoja nitafute kama kwenye sinema hizo za Kijerumani alikuwemo mtu wa kwetu. Kwenye zile bubu nilimpata Mwafrika mmoja, Louis Brody, lakini huyo ni wa Kamerun. Alianza kuonekana kwenye filamu za Joe May mwaka 1915. Wa kwetu alikuja baadaye kidogo, sinema zilipoanza kusema.

Jina lake lilikuwa Mahjub bin Adam Mohamed, na wengi wanamjua kama Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Baba yake alikuwa askari wa Mjerumani, na vita vya 1914 vilipoanza mtoto naye akaingizwa jeshini akiwa na miaka kumi tu. Mwaka 1929 akafika Berlin akifanya kazi ya kuhudumia melini. Alikwenda kudai nini? Mshahara! Wake na wa marehemu baba yake, ule wa vita ambao haukulipwa. Ofisi ya mambo ya nje ikamwambia amechelewa.

Akabaki. Akawa mhudumu kwenye jumba la starehe, akafundisha Kiswahili, na akaigiza kwenye filamu zaidi ya ishirini. Ukizitazama utamwona kapita na sinia, kafungua mlango, kasimama nyuma ya bwana mkubwa. Kinyozi wa Coletti angalau alipewa nguo za shujaa. Filamu yake kubwa ya mwisho ni ya mwaka 1941, inamsifu Carl Peters, yuleyule ambaye huku pwani watu walimwita Mkono wa Damu. Fikiri mtoto wa Dar kuigiza humo! Mwaka huohuo polisi wa Hitler wakamkamata kwa kosa la uhusiano na mwanamke mweupe, wakampeleka kambi ya mateso ya Sachsenhausen, na huko akafa Novemba 24, 1944.

Mwaka 2013 mwanamama wa Kijerumani, Eva Knopf, alitoa filamu ya kumtafuta. Alipekua sinema za zamani kipande kwa kipande, akimsaka huyo mtu anayepita nyuma ya mastaa, akauliza ni nani huyu na aliishia wapi. Huo ndio upelelezi wenyewe. Na mtaani Berlin, mbele ya nyumba aliyokuwa akiishi, limewekwa jiwe dogo la shaba lenye jina lake tangu mwaka 2007.

Nilirudi kwa babu kurudisha kitabu. Nikamsimulia habari ya Husen na mshahara wake. Hakusema kitu kwa muda, akawa anafuta miwani. Kisha akauliza kama ile filamu ya mabua ya mtama imeshatengenezwa.

"Bado, babu."

"Basi waambie wanaotengeneza."

Nawaambieni, enyi watayarishaji wa Bongo. Wapelelezi wa suti nyeusi na miwani ya jua ndani ya nyumba tumewachoka. Mtama upo, ukivunwa mabua yanabaki shambani, unapewa bure ukimwomba mwenye shamba vizuri. Barabara ipo, na miembe ipo. Babu anasema yeye anataka kuwa mmoja wa wale sita waliobeba maiti ya bandia, ila magoti yake ni ya stesheni, kwa hiyo apewe nafasi ya nyuma. Mimi naomba kuwa Chuma. Wa kumwigiza Susi bado sijampata, na Stanley tutamweka mtu yeyote.